Yule Dada wa Kwenye Sinema Yuko Wapi?

Juzi jioni hapa kijiweni kwetu, Bariadi mjini, kahawa ilikuwa imeshazunguka mara ya pili na wazee wa drafti wamekaza macho kwenye ubao. Runinga ya duka la jirani ilikuwa inarudia sinema ya zamani ya Kibongo. Sinema za aina ile mnazijua: nyumba ya geti, sofa kubwa sebuleni, mume anarudi usiku wa manane, mke analia jikoni. Hakuna aliyekuwa anaifuatilia. Mara kijana mmoja wa bodaboda, aliyekuwa anasubiri abiria wa basi la Mwanza, akanyoosha kidole.

"Huyu dada mbona siku hizi simuoni? Alikuwa anaigiza vizuri sana. Yuko wapi?"

Kimya. Mmoja akasema labda ameolewa kaacha sanaa. Mwingine akasema yuko Dubai huyo, wote wanakimbilia Dubai. Fundi saa wetu, mtu asiyependa maneno mengi, akainua uso kutoka kwenye saa aliyokuwa anaitengeneza.

"Huyo ni Recho. Alishafariki."

"Lini?"

"Zamani. Elfu mbili na kumi na nne. Uzazi."

Mfyuu! Nilisonya kabla sijajua kama nimesonya. Sikumsonyea yule kijana. Yeye kauliza swali jema. Nilisonyea kile kimya cha mwanzo. Tumekaa pale watu kumi na kitu, wote tulishamtazama dada yule, tukacheka naye na kulia naye, halafu jina lake limepatikana kwa mtu mmoja tu. Miaka kumi na kidogo imetosha kumfuta. Basi nikaomba zamu ya kuongea. Wazee wangu mnivumilie, kete zitasubiri.

Tuanze na yeye alikuwa nani. Recho Haule alikuwa mwigizaji wa kizazi cha Bongo Movie, kile kilichokuja baada ya michezo ya runinga. Wenye umri wangu mnakumbuka. ITV ilipoanza kurusha matangazo mwaka 1994, Tanzania Bara ndiyo kwanza ilikuwa inaionja runinga. Zanzibar walitutangulia kwa miaka kama 20. Ndipo vikaja vikundi vya maigizo, Mambo Hayo, kisha Kaole. Palipokuwa na runinga moja mtaa mzima, watoto walijaa sakafuni na wakubwa wakasimama mlangoni, kumwona Bi Hindu, Bi Mwenda, Muhogo Mchungu. Ndani ya Kaole hiyo ndimo walimopita Ray, Johari, na marehemu Steven Kanumba.

Kanumba huyo ni wa kwetu, msisahau. Alizaliwa Shinyanga Januari 1984, wakati Bariadi yenyewe ikiwa ndani ya mkoa wa Shinyanga. Simiyu ilipozaliwa kuwa mkoa, Machi 2012, kijana yule alikuwa amebakiza wiki chache tu za kuishi. Alifariki tarehe 7 Aprili mwaka huohuo, na Dar es Salaam nzima ikasimama kumzika Kinondoni. Hapa kijiweni watu wazima walilia. Nilimwona kwa macho yangu mzee mmoja mfugaji, mwenye ng'ombe wake na heshima yake, anajifuta machozi kwa kofia.

Recho alikuja katika kazi ambayo mlango wake ulikuwa umeshafunguliwa na hao. Kwenye kava za sinema, picha kubwa ya katikati mara nyingi ilikuwa ya mtu mwingine. Na sinema, ndugu zangu, ni kama mpira. Kila timu ina mfungaji anayeimbwa jukwaani, na ina kiungo anayekimbia dakika 90 bila kuimbwa. Mtoe kiungo uone kama mfungaji atauona mpira. Sinema za Kibongo zilibebwa na wadada wa aina hiyo: rafiki wa mke, dada wa mume, msichana wa kazi, mchumba aliyeachwa. Wao ndio waliotufanya tumwamini yule mkubwa wa kwenye kava. Yule wa kava akilia peke yake unamwangalia tu. Akipokewa na mwenzake anayejua kulia, ndipo na wewe unashika shavu.

Na kazi yenyewe haikuwa ya raha kama tunavyodhani tukiangalia sofa. Zile sinema zilipigwa haraka, siku chache hadi wiki mbili hivi, kwenye nyumba ya kukodi au ya kuazima. Mwigizaji alibeba nguo zake kutoka kwake, maana nguo za harusi, za msiba na za ofisini zote alitakiwa kuwa nazo. Umeme ukikatika wanasubiri. Mvua ikinyesha wanasubiri. Kisha malipo yalikuwa ya mara moja. Ukishapokea chako, sinema ikauzwa Kariakoo, ikavuka mpaka kwenda Kongo, Rwanda na Burundi, ikaoneshwa kwenye mabasi, ikarudiwa kwenye runinga mwaka huu na mwaka ujao, wewe humo huna tena senti. Ndiyo maana jioni ile nilipomtazama Recho akitembea kwenye kioo cha duka, wazo lililonijia ni hili: mwenyewe ameshalala miaka yote hii, uso wake bado uko kazini.

Sisi huku tulimpataje? Wadogo hawawezi kujua. Kabla ya ving'amuzi kuzagaa, sinema ilitufikia kwa njia tatu. Ya kwanza, kibanda umiza: mabati, mabenchi, joto, runinga moja mbele, unatoa mia mbili yako unakaa. Ya pili, mnadani. Siku ya mnada, ng'ombe wakishauzwa na watu wakishakula nyama, mtu mmoja anawasha jenereta na deki yake, na watu waliotoka vijiji vya ndani kabisa, Meatu huko, Itilima huko, wanaiona Dar es Salaam kwa mara ya kwanza. Ya tatu, basi. Aliyetoka hapa kwenda Dar anajua, zaidi ya kilomita elfu moja, unaangaliana na kioo kilichoning'inizwa juu ya dereva. Sinema inaanzia Maswa, inaishia Shinyanga, wanaweka nyingine. Ukishuka Ubungo umeshawazoea wale watu kuliko jirani uliyekaa naye kiti kimoja siku nzima.

Mwaka 2014 ulipofika mwezi Mei, huku tulikuwa kwenye habari zetu. Mei ndiyo mwezi wa kufungua msimu wa pamba, na mkoa huu ndio unaoongoza kwa pamba nchini. Kijiweni hakuna neno lingine: kilo itanunuliwa kwa bei gani, mizani ya nani haina ujanja, nani kapata magunia mangapi. Katikati ya hesabu hizo zikaanza kuja habari za misiba. Tarehe 17, Adam Kuambiana, mwigizaji na mwongozaji, amefariki. Hatujamaliza kuongea hilo, tarehe 27 asubuhi, Recho Haule amefariki Muhimbili. Siku tatu baadaye, tarehe 30, mwongozaji George Tyson akafa kwa ajali ya gari mkoani Morogoro. Wiki mbili, watu watatu wa fani moja. Kamusi ya pole iliwaishia watangazaji wa redio.

Msiba wa Recho ndio ulionikaa mimi, na nitawaambia kwa nini. Kuambiana alikuwa jina kubwa. Tyson ndiye aliyeiongoza sinema ya "Girlfriend", iliyowafungulia wengi njia mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Wale walikuwa wameshaacha alama. Recho alikuwa bado anapanda ngazi. Alikwenda hospitali kuleta mtoto duniani, kwa furaha kama anavyokwenda mwanamke yeyote aliyekwishanunua nguo ndogo na beseni la kuogeshea. Mtoto hakupona, na yeye mwenyewe hakurudi nyumbani. Msanii kijana, mke wa mtu, binti wa watu. Basi, sinema ikaishia hapo.

Miaka 2 baadaye, 2016, ikaanza chaneli ya Sinema Zetu. Tamthilia za runinga zikarudi kwa nguvu, zile za sehemu baada ya sehemu zinazowafanya wake zetu wachelewe kupakua. Wenzake wa safu ya pili wengi wao sasa ndio wakapata nafasi ya kujulikana kwa majina, kwa sababu tamthilia ina muda. Inampa hata rafiki wa mke siku yake ya kung'aa. Recho hakuifikia zamu hiyo. Asiyekuwepo na lake halipo.

Jioni ile nilipofika hapo kwenye maelezo yangu, mzee mmoja wa drafti, ninayemheshimu kama baba yangu, akasema, "Mwanangu, hayo ni mapenzi ya Mungu. Mjamzito siku zote mguu mmoja upo kaburini. Ndivyo tulivyoambiwa na wazee."

Nikamjibu kwa adabu, "Baba, ni kweli tuliambiwa. Lakini kama mguu mmoja upo kaburini, sisi tuliosimama pembeni si ndio wa kumshika mkono asidumbukie wa pili?"

Akanyamaza. Kijana mwingine, mwenye duka la simu, akaleta hoja nzito zaidi, na hii nimeisikia mara nyingi hata vijijini. Akasema, "Kaka, kama Recho, mtu wa Dar, mtu anayejulikana, alifia Muhimbili kwenyewe penye madaktari wote wa nchi hii, mama yangu wa kule Itilima hospitali itamsaidia nini? Si bora akae nyumbani na mkunga wake?"

Hapo ndipo nilipoiacha kahawa ikapoa. Hoja hii inafanana na akili, na inaua watu.

Sikilizeni. Uzazi unaweza kumshinda mwanamke hata mahali penye wataalamu, vifaa na damu ya kuongezewa. Sasa mtu mwenye akili akiona simba amemshinda mwenye bunduki, anasema basi na mimi nitakwenda mikono mitupu? Yaliyompata Recho yanatuambia jambo hili ni zito kuliko tulivyolichukulia, na uzito huo ndio sababu ya kuwahi. Mwanamke anayetokwa damu nyingi baada ya kujifungua anaweza kumalizika ndani ya saa mbili. Saa mbili! Hapa kijiweni saa mbili ni michezo mitatu ya drafti. Mwenye kifafa cha mimba anaweza kuanza na kichwa kuuma tu na miguu kuvimba, watu wakasema amerogwa, wakaanza kutafuta kuku mweusi, na presha inapanda huku wanakimbizana na kuku.

Na hesabu zipo, hazijifichi. Utafiti wa kitaifa wa afya uliofanyika 2015 na 2016, uliogusa miaka ileile ya Recho, ulikuta vifo 556 vya akina mama kwa kila vizazi hai 100,000. Utafiti kama huo wa mwaka 2022 ulikuta 104. Wakati huohuo, waliojifungulia kwenye vituo vya afya walipanda kutoka 63 katika kila 100 hadi 81. Muulize mtu yeyote anayejua kuhesabu magunia ya pamba: mambo mawili yakienda pamoja hivyo, moja linapanda na jingine linashuka, kuna uhusiano au hakuna? Kama kukaa nyumbani na mkunga kungekuwa dawa, vifo vingepanda kadiri watu wanavyokwenda hospitali. Vimeshuka. Mungu ni yuleyule, wanawake ni walewale, kilichobadilika ni kuwahi na kuhudumiwa.

Nilimtajia yule kijana wa simu hesabu hizo, akakubali kwa kichwa. Lakini hesabu hazilizi mtu, na nilijua. Kwa hiyo nikawapa ya kwangu, ambayo wengine pale hawakuwahi kunisikia nikiisema.

Kabla sijahamia mjini, nilikuwa na jirani kijijini. Mama wa watoto watano, mchapakazi, wa kwanza shambani na wa mwisho kutoka. Tulimwita mayu, yaani mama kwa Kisukuma, kwa heshima ingawa alikuwa mdogo kwangu. Ujauzito wa sita ulipofika, kila mtu aliona ni jambo la kawaida. Watano amewazalia nyumbani, wa sita atamshinda nini? Mkoa wetu ni kati ya mikoa ambayo wanawake wanazaa sana, na tumejidanganya kwamba aliyezoea yuko salama. Wakunga wa hospitali wanasema kinyume chake: aliyezaa mara nyingi, mji wa mimba umechoka, na damu yake haikatiki kwa urahisi.

Uchungu ulianza saa kumi jioni. Mumewe alikuwa mnadani. Wanawake wakasema, hatuwezi kumtoa bila mwenyewe kuwepo, na hela anayo yeye. Mume akarudi usiku. Akatumwa mtu kutafuta gari, gari hakuna. Ukafungwa mkokoteni wa ng'ombe. Ilikuwa masika. Mnaijua mito yetu ya mchanga: kiangazi watoto wanacheza mpira ndani yake, masika inashuka kwa hasira kama ng'ombe waliokata kamba. Tukakaa ukingoni tukisubiri maji yapungue, yeye amelala kwenye mkokoteni juu ya mashuka, anaomba maji ya kunywa. Nilikuwa nimeshika taa. Alfajiri maji yalipopungua hakuwa anaomba kitu tena. Mtoto alipona, sasa ni binti mkubwa, na kila nikimwona anapita na daftari zake za shule nainamisha kichwa.

Kijiweni pakawa kimya, na safari hii kimya chake kilikuwa kingine. Hata mzee wangu wa drafti alitoa kofia.

Ndipo nikawaambia hili ninalotaka mlibebe. Recho tulimlilia kwa sababu tuliujua uso wake. Sura yake ilikuwa imeingia kwenye mabasi yetu, vibandani mwetu, minadani mwetu. Alipokufa, redio zilitangaza, wasanii walijaa, magazeti yaliandika. Na ilikuwa haki yake, tena pungufu. Lakini mwaka uleule, mwezi uleule wa pamba, wapo wanawake wa Simiyu waliokufa kifo kilekile. Hao hawakuwahi kuonekana kwenye kioo cha mtu. Hakuna kijana wa bodaboda atakayewahi kunyoosha kidole kwenye runinga akauliza, yule dada yuko wapi. Kilichobaki chao ni jina analopewa mjukuu.

Kama msanii ana kazi yoyote ya kutufanyia baada ya kufa, nadhani ni hii: kuwakopesha uso wake wale wasio na uso. Tukimwona Recho kwenye sinema ile ya zamani, tumwone na jirani yangu. Wewe umwone na wa kwenu, maana najua unaye.

Wataalamu wa uzazi huhesabu kuchelewa kwa aina tatu, na nilipozisikia mara ya kwanza nilihisi wananihadithia usiku ule wa mtoni. Kuchelewa kwa kwanza ni kuamua: mama ana dalili, watu wanasubiri mwenye nyumba arudi. Kuchelewa kwa pili ni kufika: gari hakuna, barabara mbovu, mto umejaa. Kuchelewa kwa tatu ni kuhudumiwa: umefika, lakini damu haipo, au chumba cha upasuaji hakijawa tayari, au mhudumu yuko mmoja na wagonjwa ni wengi.

Hili la tatu ni la serikali, na tusiache kuliulizia. Tunayo hospitali ya rufaa ya mkoa pale Nyaumata sasa. Kabla mkoa haujaanzishwa, mgonjwa wetu wa rufaa alipelekwa Shinyanga au Mwanza. Ni hatua. Basi tuulize kila mara kama damu ipo, kama vituo vya kata vina wakunga wa kutosha, kama jenereta ina mafuta. Na damu haioteshwi shambani kama choroko, inatoka kwa watu. Vijana wa bodaboda mlio hapa, ninyi mna damu na mna afya. Wanapokuja wa damu salama, msijifiche nyuma ya pikipiki.

La pili limepata dawa iliyoanzia hukuhuku kwetu. Mwaka 2013 ulianza kujaribiwa Sengerema na Shinyanga mpango wa usafiri wa dharura wa wajawazito na watoto wachanga, ambao leo unaitwa m-mama. Mwaka 2022 Rais Samia aliuzindua uende nchi nzima. Unavyofanya kazi ni hivi. Mtu anapiga 115, bure, hata simu isiyo na salio. Anayepokea anauliza hali ya mama na mahali alipo. Kama gari la wagonjwa liko karibu, linatumwa. Kama liko mbali, anapigiwa dereva wa kijiji, mtu wa kawaida mwenye gari lake aliyesajiliwa, anambeba mama hadi kituo, na analipwa kwa simu akishafikisha. Familia haitoi hata shilingi. Ningekuwa na namba hiyo usiku ule, ningepiga kabla maji hayajajaa mtoni.

Kuchelewa kwa kwanza ni kwetu. Hakuna waziri atakayekuja kutuondolea. Ni sisi wanaume tulioketi hapa, tulioshika hela na maamuzi. Mke wako ana ujauzito, unajua amekwenda kliniki mara ngapi? Kadi yake umeisoma? Unajua tarehe yake? Mtu anajua tarehe ya mechi ya Simba na Yanga hadi saa, hajui tarehe ya mke wake kujifungua. Loh! Bei ya mbegu ya pamba umeiweka kichwani, hela ya dharura ya uzazi hujaweka hata chini ya godoro. Na mambo haya yanakwenda kimya kimya, mpaka siku taa imewashwa usiku na watu wanakimbizana uani.

Nilipomaliza, yule mzee wangu akasema, "Sasa mwanangu, mtu akitaka kuanza, anaanzia wapi?"

Nikamwambia, "Baba, anaanzia na ruhusa. Mwambie mkeo, na wakwe zako, na wadogo zako nyumbani: siku hali ikibadilika, asisubiriwe mtu. Nikiwa mnadani, nikiwa shambani, nikiwa hapa kwenye drafti, aondoke. Hela nitakuja kuihesabu nikimkuta hai."

Mzee akatikisa kichwa. Akaomba simu ya mjukuu wake, akamwambia amwandikie ile namba. Mjukuu akaiandika. Na kijana wa bodaboda, yule aliyeanza kwa kuuliza, akaiandika kwa kalamu ya wino mzito kwenye ubavu wa tangi la mafuta la pikipiki yake, tarakimu tatu kubwa, abiria yeyote akipanda azione. Basi la Mwanza likaingia, akawasha, akaondoka na mzigo wa mama mmoja na mtoto.

Sinema ile ilikuwa imeshakwisha. Majina yalikuwa yanapanda kwenye kioo, na kwa mara ya kwanza nikawaona watu wa kijiwe chetu wanayasoma moja moja, wakitafuta la Recho Haule.

Ndugu msomaji, popote ulipo, Somanda, Lagangabilili, Mwanhuzi, Lamadi au Maswa mjini: kama nyumbani kwako kuna mjamzito, usilale leo kabla hujampa ruhusa ya kuondoka bila kukusubiri, na kabla namba 115 haijaandikwa mlangoni.